Machungwa ya Muheza

Mkataba wangu wa kazi uliisha siku ya Ijumaa, na Alhamisi iliyofuata nilikuwa Kariakoo nikinunua blichi.

Katika siku hizo za katikati sikufanya lolote la maana. Nililala, nikaamka, nikapika wali nisioula, nikamwambia mama kwenye simu kwamba nimechukua likizo. Kwa miaka mitatu nilikuwa nimekaa mapokezi katika ofisi moja hapa Dar es Salaam, ofisi yenye mwongozo wa mavazi wa kurasa nne. Ukurasa wa pili ulikuwa na mstari uliosema nywele za mfanyakazi ziwe nadhifu na za rangi ya asili. Niliusoma mstari huo siku ya kwanza, nikautii mpaka siku ya mwisho. Nilisuka rasta nyeusi, nikafumua, nikasuka tena nyeusi. Siku niliyorudisha kitambulisho cha mlangoni, nikiwa ndani ya mwendokasi kurudi Magomeni, niliiona sura yangu kwenye kioo cha dirisha nikawaza: sasa kichwa hiki ni changu.

Ni wazo la kitoto, najua. Kodi ya chumba ilikuwa imebaki ya miezi miwili. Lakini mtu akinyang'anywa jambo kubwa hutafuta dogo ambalo bado anaweza kuliamua mwenyewe, na mimi dogo langu lilikuwa michirizi minane ya rangi ya asali, minne kila upande wa uso.

Saluni ya mtaani kwetu walinitajia shilingi 70,000. Kariakoo nilipata pakiti ya unga wa blichi, chupa ya peroksaidi, brashi, glovu na foili ya jikoni, vyote kwa chini ya 20,000. Kijana wa duka la vipodozi aliniuliza bila kuniangalia, "Ya 20, ya 30 au ya 40?"

Sikujua. Nilisogea pembeni nikasoma kwenye simu. Namba hizo ni kipimo cha nguvu ya peroksaidi, yaani kiasi cha oksijeni ambacho dawa inaweza kuachia. Ya 20 ina peroksaidi asilimia 6, ya 30 ina asilimia 9, ya 40 ina 12. Kadiri namba inavyopanda ndivyo nywele zinavyong'aa haraka na ndivyo zinavyoungua haraka. Nilirudi nikaomba ya 20. Kijana alinitazama kwa mara ya kwanza. "Dada, hiyo kwa nywele zetu utakesha."

"Nitakesha," nikamwambia. "Kazi sina."

Hakujua kama natania, akacheka kidogo akanifungia. Ilikuwa mara ya kwanza kulitamka jambo hilo kwa sauti, na nililitamka kwa mtu nisiyemjua, juu ya meza ya vioo iliyojaa losheni.

Kwenye pakiti ya unga, kwa maandishi madogo kuliko yote, waliandika kwamba mtumiaji apake kidogo kwanza nyuma ya sikio na asubiri saa 48. Rafiki yangu wa chumba cha pili, ambaye amewahi kujaribu kila rangi inayouzwa mjini hapa, alicheka aliponikuta nimekaa na alama nyeupe nyuma ya sikio kama mtoto aliyepakwa poda. "Nani anasubiri saa 48? Watu wanapaka, wanaosha, wanakwenda harusini."

Nikamwambia mimi nasubiri. Sikumwambia kwa nini.

*

Bibi yangu mzaa mama alikuwa na michirizi kabla sijalijua neno hilo.

Tulikuwa tunaishi naye Tanga, katika nyumba ya udongo na mabati yenye mhina nyuma ya choo. Kila baada ya majuma machache alichuma majani, akayaanika, akayatwanga kwenye kinu, akayachekecha kwa kipande cha mtandio wa zamani. Unga ule aliukoroga na chai ya rangi na limau, akaufunika, akauacha ulale. Asubuhi yake kazi ilikuwa yangu. Nilisimama nyuma yake yeye akiwa amekaa kwenye mkeka, nikampaka fungu baada ya fungu kwa vidole, kisha tukamfunga kwa mfuko wa rambo na kitambaa juu yake. Akashinda hivyo mpaka alasiri, akichambua mchicha, akipokea wageni, akinuka kama shamba lililonyeshewa mvua.

Hina haing'oi rangi iliyomo kwenye unywele. Inaongeza yake tu: ile chembe nyekundu iliyomo kwenye jani hushikamana na unywele na kukaa hapo. Juu ya unywele mweusi huioni, labda jua likipiga. Juu ya mvi inawaka. Kwa hiyo bibi, ambaye mvi zake zilikuwa zimeanzia kwenye paji la uso na kurudi nyuma kwa mafungu, alikuwa na kichwa cheusi chenye mistari ya rangi ya chungwa iliyoiva. Nilipokuwa na miaka tisa niliamini hakuna mwanamke mzuri kuliko yeye mkoa mzima, na kwamba uzuri ule ni kazi ya mikono yangu.

Aliniita mke mwenzangu, kama bibi wa kwetu wanavyowaita wajukuu wao wa kike. Babu alikuwa amekwishafariki, kwa hiyo tulikuwa wake wawili wajane, na utani wetu wote ulijengwa hapo. "Mke mwenzangu, nipake vizuri, mume akirudi akanichague mimi." Namjibu, "Nakupaka vibaya makusudi." Anacheka mpaka hina inamdondokea mabegani.

Nikafaulu, nikachaguliwa shule ya bweni huko Lushoto.

*

Ilikuwa kidato cha pili, siku ya wazazi. Mama alikuwa na zamu kazini asingeweza kuja. Sikujua kama yuko atakayekuja. Tulikuwa tumekaa ukutani, wasichana sita au saba, vichwa vimenyolewa sote kama kanuni ya shule ilivyotaka, tukiwachambua wazazi wa wenzetu walivyokuwa wanaingia getini. Hiyo ndiyo ilikuwa sinema yetu. Nani kaja na gari, nani kavaa suti, mama wa nani ana kucha ndefu.

Bibi aliingia kwa miguu. Alikuwa ametoka Tanga alfajiri, akapitia Muheza, Korogwe, Mombo, akapanda ule mlima wenye kona ambazo hata vijana hutapika. Alikuwa amevaa kanga, doti mpya, na mtandio ulikuwa umemteleza mpaka mabegani kwa sababu mikono yote miwili ilikuwa imeshika kiroba. Jua la Lushoto la saa sita lilimpiga kichwani. Siku chache kabla alikuwa amejipaka hina mwenyewe, na mimi sikuwepo kumsaidia, kwa hiyo ilikuwa imezidi mbele.

"Jamani," akasema mmoja wetu, "machungwa ya Muheza yamefika!"

Ukuta mzima ukacheka. Na mimi nikacheka. Hilo ndilo la kwanza.

Kisha bibi akaniona. Akatua kiroba chini, akainua mkono, akaita kwa sauti ile ya uani kwetu: "Mke mwenzangu!"

Yule msichana akanigeukia. "Unamjua?"

Nikasema, "Ni jirani yetu. Mama amemtuma."

Nilisema huku natembea kumwendea, na wao walikuwa wananifuata nyuma kwa ajili ya vitu vilivyomo kwenye kiroba, kwa hiyo tulikuwa karibu naye kuliko nilivyopiga hesabu. Mpaka leo nimelipima umbali ule kichwani mara nyingi. Hatua nane. Labda kumi. Upepo ulikuwa unatoka kwetu kwenda kwake.

Nikamwamkia, "Shikamoo."

"Marahaba, binti," akasema bibi. "Mama yako anakusalimia sana. Kanipa mizigo yako."

Binti. Hakuwahi kuniita hivyo maishani. Alifungua kiroba, akatoa machungwa, kweli yalikuwa ya Muheza, aliyanunua njiani dirishani mwa basi. Akawagawia wenzangu wote mojamoja, na mimi nikapata langu kama wao. Akauliza kama nasoma vizuri, akasema atamwambia mama. Hakukaa hata saa moja. Alisema anaogopa kukosa gari la kushuka.

Wasichana wakaniambia jirani yenu ana roho nzuri.

*

Desemba nilirudi nyumbani nimejiandaa kuombwa maelezo. Hakuna aliyeniuliza kitu. Bibi alinipokea na mke mwenzangu wake kama zamani, akanipikia kisamvu. Siku ya tatu aliniita uani. Juu ya mkeka hapakuwa na bakuli la hina. Palikuwa na vipakiti viwili vya piko.

"Leo nipake nyeusi," akasema.

Piko kila mtu wa pwani anaijua. Ni ule weusi unaochorwa maua kwenye mikono na miguu ya bibi harusi, pembeni ya wekundu wa hina. Tunazitaja pamoja, hina na piko, kama vile ni mtu na ndugu yake. Undugu huo haupo. Hina ni jani. Piko ya dukani ni rangi ya nywele ya kiwandani, na weusi wake hutokana na kemikali ambayo kwenye maboksi huandikwa kwa kifupi PPD. Nchi za Umoja wa Ulaya zinaruhusu kemikali hiyo kwenye rangi ya nywele isizidi asilimia 2 inapopakwa, na haziruhusu kabisa ichorwe kwenye ngozi. Vipakiti vile viwili havikuwa na maandishi yoyote ya kipimo. Vilikuwa na picha ya mwanamke anayecheka.

Nilikoroga. Nilimpaka kwa mswaki wa zamani, kwa uangalifu, mpaka kwenye ngozi, kwa sabubu mvi zake zilianzia pale pale kwenye ngozi na sikutaka hata moja ibaki. Sikumuuliza kwa nini. Nilikuwa na miaka kumi na tano na nilidhani nikiuliza ndipo jambo litakuwa la kweli.

Usiku alianza kujikuna. Alfajiri nilisikia ananiita, na nilipoingia na taa sikumtambua. Macho yalikuwa yamefumba kwa uvimbe, paji la uso limening'inia, masikio yamekuwa mazito na yanatoa maji. Tulimkimbiza hospitali. Walimchoma sindano, wakampa vidonge na mafuta ya kupaka, na daktari akamwambia mama kwamba huo ni mzio, na kwamba mzio wa aina hiyo ukishaingia mwilini hauondoki: asiguse tena rangi nyeusi maisha yake yote, safari ijayo inaweza kumziba koo. Akauliza, "Hamkujaribu kwanza kidogo nyuma ya sikio?"

Hakuna aliyejibu. Hatukuwa tumewahi kusikia habari za nyuma ya sikio.

Bibi alipona baada ya wiki mbili, lakini nywele za mbele zilitoka kwa mafungu na pale zilipotoka ngozi ikabaki na makovu. Alinyoa zote. Kuanzia hapo alivaa kilemba cheupe na hakurudi tena kwenye hina, ingawa hina haikuwa na kosa. Mhina ukarefuka nyuma ya choo mpaka ukapita ukuta.

Alifariki nikiwa mwaka wa pili chuoni hapa Dar. Alifariki alfajiri, nikapigiwa simu saa moja, na saa mbili nilikuwa na mtihani. Niliufanya. Nilipofika Segera, simu ikaita: wamekwishamzika baada ya sala ya adhuhuri. Sikumwosha, sikumwona. Nilishuka Tanga nikakuta wanawake wamekaa kwenye majamvi na kilemba chake kimekunjwa juu ya sanduku lake.

Ndiyo maana nilisubiri saa 48.

*

Jumamosi usiku nyuma ya sikio kulikuwa salama. Sikuwa nimeosha nywele tangu Alhamisi, kwa sababu mafuta ya kichwani husaidia kuikinga ngozi. Nilifungua dirisha na mlango wa uani: unga wa blichi una chumvi ambazo vumbi lake huwasha pua na kifua, na wapo wasusi wanaopata pumu kwa kuivuta hewa yake miaka na miaka. Nilichanganya fungu moja la unga na mafungu mawili ya peroksaidi kwenye bakuli la plastiki. La bati halifai, kwa sababu madini huivuruga peroksaidi na kuipandisha joto. Nilikata foili vipande vinane vya urefu wa kiganja na vidole vyake.

Mbele ya kioo nilichambua fungu la kwanza kwa mkia wa kitana, jembamba kama kamba ya kiatu, nikalilaza juu ya foili, nikalipaka kuanzia umbali wa ukucha kutoka kwenye ngozi. Karibu na ngozi kuna joto la mwili, dawa hufanya kazi haraka zaidi, kwa hiyo shina hupakwa mwisho au huachwa. Nikakunja. Fungu la pili, la tatu. Mikono iliniuma kwa kuinuliwa. Kupaka nywele za mwenzako ni rahisi. Za kwako, mkono wa kulia wa kwenye kioo ndio wa kushoto wako, na kila unachokisogeza kinakwenda upande usioutaka. Hapo ndipo nilipoelewa kwa nini siku ile ya Lushoto hina ya bibi ilikuwa imezidi mbele. Alijipaka peke yake.

Nilipofunga foili ya nane nikaanza kuhesabu dakika. Weusi wa nywele zetu si rangi moja. Kuna weusi wenyewe, na chini yake kuna wekundu unaoelekea manjano. Blichi huanza na ule weusi, na wekundu ndio mbishi. Kwa hiyo unywele mweusi hauruki kutoka usiku hadi asubuhi. Unapita kwenye kahawia, wekundu, uchungwa, halafu manjano. Rangi ya asali niliyoitaka iko mwishoni mwa safari hiyo. Kazi yako ni kufungua foili kila baada ya dakika tano au kumi kutazama umefika wapi, na kutokuvuka muda ulioandikwa kwenye pakiti hata kama hujapenda unachokiona.

Dakika ya 25 umeme ukazimika. Uniti za LUKU zilikuwa zimeisha, na mimi ndiye niliyekuwa zamu ya kununua. Nikabaki gizani na foili nane kichwani, nikiwa nasikia ngozi inaanza kuchonyota upande wa kushoto. Niliwasha tochi ya simu, nikafungua foili moja, sikuweza kuona kama ni kahawia au manjano. Tochi ya simu hukifanya kila kitu kuwa cheupe. Nilifikiri kuacha dakika kumi zaidi ili niwe na uhakika. Kisha nikafikiri juu ya paji la uso la bibi. Nikachukua ndoo nikatoka uani, nikainama, nikaanza kujimwagia maji baridi kwa kopo, nyota zimejaa, foili zinaanguka miguuni kama maganda ya samaki.

Nililala na taulo kichwani bila kujua nimepata nini.

Asubuhi nilisogea dirishani na kioo cha mkononi. Ilikuwa rangi ya chungwa. Haikuwa asali hata kidogo, wala shaba. Chungwa lililoiva, mistari minane, ikianzia kwenye paji la uso kurudi nyuma katikati ya weusi. Nilikaa kitandani. Nilikuwa nimekwenda Kariakoo kutafuta kichwa changu mwenyewe, nikarudi na kichwa cha bibi yangu.

*

Dawa yake ipo na ni rahisi. Unaweza kununua shampuu ya rangi ya buluu, kwa sababu buluu huufifisha uchungwa kama zambarau inavyoufifisha umanjano. Au unasubiri wiki kadhaa, nywele zipumzike, unarudia blichi ili uifikie manjano. Rafiki yangu alikuwa na chupa ya shampuu hiyo chumbani, akaniletea mlangoni na huruma ya mtu aliyeleta uji kwa mgonjwa. Niliiweka chini ya meza.

Jioni mama akapiga simu ya video. Nilikuwa nimepanga kufunga kitambaa, nikasahau. Picha yake ilitokea, akatabasamu, halafu tabasamu likasimama.

"Mama, shikamoo."

Hakuitikia. Alisogeza simu karibu mpaka nikaona jicho moja na nusu ya pua.

"Subhanallah," akasema. "Umetoka mama yangu mtupu."

Tukanyamaza wote wawili. Kisha akarudi kuwa mama. "Na kazini? Si ulisema hawataki rangi? Likizo ikiisha utaingiaje?"

Ningeweza kumwambia nitazisukia rasta juu yake. Jibu lilikuwa mdomoni, na lilikuwa zuri. Lakini nilikuwa naitazama sura yangu kwenye kile kidirisha kidogo pembeni ya sura yake, na kichwa kile sikuweza kukifanyia uongo mara ya pili.

"Mama, hakuna likizo. Kazi imeisha. Hawakuongeza mkataba."

"Tangu lini?"

"Wiki iliyopita. Ijumaa."

Akatikisa kichwa polepole. Alinigombeza kidogo, si kwa kazi, kwa siku tisa za kukaa na jambo peke yangu. Aliniuliza kama nina akiba, nikamwambia ukweli wa akiba. Akasema nisiuze kitu chochote kabla ya kuongea naye. Nilipoona ameanza kuaga, nikamuuliza lile nililokuwa nalo kwa miaka kumi na mbili.

"Mama, bibi alipaka piko kwa nini?"

Alikaa kimya hivi kwamba nilidhani mtandao umekatika.

"Aliporudi kutoka shuleni kwenu," akasema, "alicheka jioni nzima. Alisema, mke mwenzangu kaniacha, sasa mimi ni jirani. Alikuigiza ulivyosimama. Tulicheka wote."

"Kwa hiyo alisikia."

"Alisikia. Alinikataza nisikuambie. Alisema mtoto yuko na wenzake, na wewe mwenyewe ulinifichaga shuleni kwenu. Kweli nilimficha. Mimi nilikuwa nasema ni shangazi."

Nilikuwa nalia na yeye alikuwa anaona. Nikamuuliza tena habari za piko.

"Sijui, mwanangu. Nilimuuliza, akasema anataka kuonja ujana. Bibi yako alikuwa na maneno." Akafuta kioo cha simu kwa kidole kana kwamba uchafu uko upande wangu. "Alicheka, hilo ni kweli. Ila hakuja tena shuleni kwenu. Hilo nalo ni kweli."

Nilimshukuru kwa kutonidanganya. Angeweza kunipa nusu ya kwanza tu, na ningeipokea.

Kabla ya kukata aliniamuru nisiweke dawa nyingine kichwani. Nywele zimekauka, anaziona kutoka Tanga. Nikamwambia nina usaili Jumatano ya wiki ijayo na sijui nifanye nini na rangi hii. Akasema, "Nenda hivyo hivyo. Wakikukataa kwa nywele, hawakuwa wanakutaka. Hina nitakuletea."

Nilimweleza nilichosoma: kwamba hina za pakiti, nyingine huchanganywa na chumvi za madini, na chumvi hizo zikikutana na peroksaidi zinaweza kuuchemsha unywele ukakatika. "Za pakiti ni za nani?" akasema mama. "Mhina upo."

Kifurushi kilifika siku ya tatu kwa basi. Nilikifuata stendi ya Magufuli kule Mbezi, nikasimama kwenye foleni ya mizigo nikiwa sijafunga kitambaa, na mzee mmoja nyuma yangu akaniuliza kama mimi ni mtu wa Tanga. Ndani ya boksi kulikuwa na unga wa hina uliochekechwa, laini, umefungwa kwenye kipande cha kilemba cheupe, na machungwa sita. Juu ya boksi mama alikuwa ameandika jina langu na namba yangu ya simu kwa kalamu nzito. Chini yake, mahali pa jina la mtumaji, aliandika: Jirani yako.

Nilicheka pale pale stendi, peke yangu, mpaka karani wa mizigo akaniuliza kama boksi lina tatizo. Kisha nikaenda nyumbani kukoroga hina na chai ya rangi na limau, nikaifunika, nikaiacha ilale.